Daktari Lopera na ukoo unaosahau mapema

Katika vijiji vya milimani kaskazini mwa jiji la Medellín, nchini Kolombia, kulikuwa na ugonjwa ambao wenyeji waliuita la bobera. Ni neno la Kihispania lenye maana ya upumbavu, ingawa nikilitafutia Kiswahili chake naona uzuzu unakaribia zaidi. Mtu alikuwa mzima, mkulima au mfugaji wa ng'ombe wa maziwa, ana miaka arobaini na kitu, watoto bado wako shule. Mara anaanza kuuliza swali lile lile mara tatu. Anasahau njia aliyoipita tangu utotoni. Akifika hamsini hawatambui wanawe. Akikaribia sitini anazikwa, na jirani wanaorudi kutoka makaburini wanaanza kumwangalia kwa makini mdogo wake.

Maelezo hayakukosekana. Wapo waliosema amelogwa. Wengine walisema kuna mti ukiugusa unakuharibu akili. Wengine tena walisimulia kuhusu padri wa zamani aliyeibiwa mali ya kanisa, akawalaani wezi na vizazi vyao. Hadithi hiyo ya padri, kama tutakavyoona, ilikuwa karibu na ukweli kuliko zile nyingine. Kulikuwa na kitu kweli kilichokuwa kikishuka kutoka kizazi hadi kizazi.

Mtu aliyetumia maisha yake yote kukifuata kitu hicho aliitwa Francisco Lopera. Alizaliwa mwaka 1951 katika milima hiyo hiyo ya jimbo la Antioquia, akasomea udaktari Medellín, akafariki huko huko Medellín Septemba 2024 akiwa na miaka 73. Magazeti ya ulaya na Marekani yalipomwandika, mara nyingi yalimweka kwenye fungu la wawindaji wa jeni. Sikatai, jeni ilipatikana. Lakini nimeisoma historia yake kwa miaka kadhaa sasa, na ninachokiona ni kwamba maabara ilikuwa sehemu ndogo ya kazi. Sehemu kubwa ilikuwa kubisha hodi kwenye milango ya watu, kwa miaka arobaini, na kurudi tena hata pale ambapo hakuwa na la kuwapa.

Tuanze na ugonjwa wenyewe. Dimenshia ni jina la jumla la hali ya akili kupungua hadi mtu anashindwa kujitegemea. Alzheimer ndiyo aina yake inayojulikana zaidi, na jina hilo ni la daktari Mjerumani, Alois Alzheimer, aliyesimama mbele ya wenzake mwaka 1906 kueleza habari za mgonjwa wake Auguste Deter. Mama huyo alipolazwa Frankfurt mwaka 1901 alikuwa na miaka 51 tu. Baada ya kifo chake, Alzheimer aliutazama ubongo wake kwa hadubini akaona mabonge nje ya seli na nyuzi zilizosokotana ndani yake. Siku hizi tunajua mabonge ni ya protini iitwayo amiloidi, na nyuzi ni za protini nyingine iitwayo tau. Kwa hiyo tangu mwanzo ugonjwa huu haukuwa wa wazee peke yao. Kwa wengi huja baada ya miaka 65, ndiyo, lakini kuna kikundi kidogo kinachoupata mapema, na katika baadhi ya familia hizo unarithiwa waziwazi.

Mwanzoni mwa miaka ya 1980 Lopera alikuwa bado anajifunza ubingwa wa ubongo na mishipa ya fahamu. Akaletewa mwanamume wa miaka 47 kutoka mji mdogo wa Belmira, aliyekuwa amepoteza kumbukumbu. Daktari mwingine angeweza kuandika kwenye faili, akampa familia pole, akamwita mgonjwa anayefuata. Lopera aliuliza habari za nyumbani. Kumbe baba wa mgonjwa alipatwa vivyo hivyo. Babu pia. Na baadhi ya ndugu zake. Basi badala ya kungoja waletwe hospitalini, daktari kijana akapanda kwenda Belmira kuwaona mwenyewe.

Mwaka 1987 yeye na wenzake walichapisha maelezo ya familia hiyo katika jarida la madaktari la Kolombia. Baadaye akaenda Ubelgiji kusomea zaidi uhusiano wa ubongo na tabia za watu. Alikuwa amefika mahali ambapo wengi wetu tukifika hatugeuki nyuma. Angeweza kubaki huko. Alirudi Medellín.

Na Medellín aliyoirudia haikuwa mchezo. Ilikuwa enzi ya Pablo Escobar, mabomu na risasi za mchana kweupe. Vijijini kulikuwa na waasi, wanamgambo na jeshi, kila kundi na barabara zake. Katika mazingira hayo, Lopera na muuguzi aitwaye Lucía Madrigal walikuwa wakizunguka mji kwa mji wakichukua damu na kuuliza maswali ambayo kwa masikio ya mtu mwenye bunduki yanafanana sana na ujasusi. Baba yako aliitwa nani? Ndugu zako wako wapi? Nani amehamia wapi? Madrigal aliwahi kutekwa na waasi na kushikiliwa kwa siku kadhaa. Alipoachiliwa, aliendelea na kazi.

Napenda kumtaja muuguzi huyu kwa jina kwa sababu historia za sayansi zina mazoea ya kuwameza watu kama yeye. Mti wa ukoo ulijengwa kwa mkono wake. Aliketi na wazee, akaandika majina, kisha akaenda kwa maparoko kufungua rejista za ubatizo, ndoa na mazishi. Kanisa Katoliki lilikuwa limeandika kila mtoto aliyemwagiwa maji, karne hadi karne, wala halikujua kwamba linatunza faili za hospitali. Katika baadhi ya rejista za vifo sababu iliandikwa kuwa ni kupungukiwa akili. Familia za Belmira, Yarumal na Angostura, zilizokuwa zikidhani kila moja ina balaa lake, zilianza kukutana juu ya karatasi. Familia 25 hivi, watu wapatao 6,000, wakarudi nyuma hadi mababu wamoja wa karne ya 18. Uchunguzi wa jeni wa miaka ya karibuni uliashiria kwamba chanzo ni mtu mmoja mwenye asili ya Ulaya, aliyefika huko baada ya Wahispania kuiteka nchi.

Milima ilifanya yaliyobaki. Barabara chache, vijiji vya mbali, watu wakaoana ndani ya eneo moja na kuzaa watoto kumi, kumi na wawili. Jeni moja iliyoharibika ikapata mahali pa kuongezeka.

Mwanzoni mwa miaka ya 1990 Kenneth Kosik, mtafiti wa ubongo aliyekuwa chuo kikuu cha Harvard, alikwenda Bogotá kutoa mihadhara. Lopera akamfuata akamweleza kuhusu ukoo wake. Hapo ndipo vipimo vya Marekani vilipokutana na daftari za Antioquia. Lakini kulikuwa na kikwazo. Wakati ule, ili uwe na hakika kwamba ugonjwa ni Alzheimer, ilibidi uuone ubongo wenyewe baada ya mgonjwa kufa. Maana yake ilibidi mtu aende matangani.

Hebu fikiria jambo hilo kwa utulivu. Marehemu yuko sebuleni, mishumaa inawaka, watu wanasali. Wanaingia madaktari kutoka mjini kuomba ubongo wa mama wa watu. Hapa kwetu nadhani wangetimuliwa kwa marungu. Kule pia palikuwa na mabishano, ndugu huyu akikubali na yule akikataa. Lakini ruhusa ilipatikana, katikati ya miaka ya 1990, na baada ya ubongo wa kwanza ukaja wa pili, hadi Medellín ikawa na hifadhi ya mamia ya ubongo uliotolewa na familia zenyewe. Walikubali kwa sababu waliokuwa wakiomba hawakuwa wageni. Walikuwa watu waliokuja mgonjwa alipokuwa hai, wakamwogopa mbwa wa nyumba ile, wakanywa kahawa ya nyumba ile.

Mwaka 1995 timu iliyoongozwa na Peter St George-Hyslop huko Toronto, Kanada, iliitambua jeni iliyo kwenye kromosomu ya 14, ambayo leo inaitwa presenilini 1. Muda si muda ikabainika kwamba ukoo wa Antioquia una kasoro ndani ya jeni hiyo hiyo. Inaitwa E280A, na wengi huiita badiliko la Paisa, kwa jina wanaloitwa watu wa jimbo lile. Protini ya presenilini imeungwa kwa vipande 467 vilivyopangwa kama shanga. Kwenye ukoo huu shanga ya 280 imebadilishwa. Basi, ni hiyo moja tu. Presenilini ni sehemu ya mkasi unaokata protini nyingine ndani ya seli. Mkasi ukikata vibaya, vinabaki vipande vya amiloidi vinavyogandamana, na miaka mingi baadaye ubongo unazidiwa.

Anayerithi kasoro hii kutoka kwa mzazi mmoja anaugua. Kila mtoto wa mgonjwa ana nafasi nusu kwa nusu, kama kurusha sarafu. Kwa wastani dalili za kwanza za kusahau zinaonekana karibu na miaka 44, na dimenshia kamili karibu na 49. Hivyo mtu anaoa, anazaa, anajenga, na ndipo sarafu inapoanguka, ikiwa tayari imerushwa kwa watoto wake pia.

Sasa tumefika penye swali gumu. Tangu jeni ilipojulikana, watafiti waliweza kumpima mtu wa miaka ishirini na kujua kitakachompata. Walipima, wakajua. Lakini kwa miaka mingi hawakuwaambia wenyewe. Hoja ya Lopera na wenzake ilikuwa kwamba hakuna tiba, washauri wa mambo ya urithi walikuwa haba, na habari kama hiyo inaweza kumvunja mtu. Wanaukoo wengine walishukuru. Wengine, hasa vijana wa baadaye, waliuliza: damu ni yangu, ubongo wa mama ulikuwa wa mama, mbona ninyi mjue na mimi nisijue? Siwezi kuwalaumu. Kadiri miaka ilivyosonga, njia za kuwapa majibu wanaoyataka zilianza kutengenezwa, lakini swali lenyewe halijaisha.

Si swali la mbali kwangu. Nyanya yangu, mzaa mama, alianza kuniita kwa jina la kaka yake marehemu nilipokuwa kidato cha pili. Tulisema ni uzee. Sasa mama mkubwa naye ameanza kuweka chumvi kwenye chai na kukasirika akiulizwa. Najua kwamba hii si hali ya Antioquia. Nyanya alikuwa amepita themanini, na Alzheimer ya uzeeni haina jeni moja inayoamua kila kitu. Hata hivyo nilimuuliza binamu yangu kama angependa kupimwa iwapo kipimo kingekuwepo. Akanijibu, "Ukishajua, utado? Dawa iko?" Sikuwa na jibu, na ndilo swali ambalo ukoo mzima wa Antioquia ulikuwa ukimuuliza Lopera.

Jibu alilotafuta lilikuwa jaribio la dawa. Wazo lilikuwa na mantiki nzuri. Dawa za Alzheimer zilikuwa zikishindwa labda kwa sababu zinatolewa ubongo ukiwa umeshaharibika. Je, tukiwapa watu ambao bado ni wazima, lakini tunajua wataugua? Ni wapi duniani utapata watu kama hao kwa mamia? Mwaka 2013, kwa ushirikiano na taasisi ya Banner ya Arizona na kampuni ya Genentech iliyo chini ya Roche, jaribio la dawa iitwayo krenezumabu lilianza. Waliingia wanaukoo 252. Na angalia walivyolipanga: waliingizwa pia watu 83 wasio na kasoro ile, hao wakapewa dawa tupu, ili kuandikishwa kwako kusimwambie yeyote, hata wewe mwenyewe, kama umerithi au hujarithi. Walioirithi waligawanywa, baadhi wakapewa dawa ya kweli na baadhi dawa tupu. Walishuka kutoka milimani kwa mabasi, wiki baada ya wiki, kwa miaka kati ya mitano na minane.

Juni 2022 matokeo yakatangazwa. Dawa haikuwa na madhara makubwa, lakini haikuzuia ugonjwa. Tofauti kati ya waliopewa na wasiopewa ilikuwa ndogo mno kuitwa faida.

Nadhani hapo ndipo mtu angetarajia watu wakasirike, wafunge milango. Miaka zaidi ya thelathini ya damu, ubongo na mabasi, halafu wapi. Lakini watu waliendelea kuja, na daktari aliendelea kuwaita, akizungumzia majaribio mengine. Wapo wanaosema hii inaonyesha ukarimu wa wanaukoo, na ni kweli. Ila tusiwafanye malaika. Walikuwa na watoto. Mtu mwenye watoto waliorushiwa sarafu hana anasa ya kukata tamaa.

Ukoo ulikuwa umeshatoa kitu ambacho hakuna aliyekitarajia. Katika daftari za Medellín alikuwepo mama aitwaye Aliria Piedrahita de Villegas. Alikuwa na kasoro ya E280A, kwa hiyo angepaswa kuanza kusahau katika miaka ya arobaini. Alifika hamsini, sitini, akapita sabini, akili yake ikiwa timamu. Alipelekwa Boston kupimwa na timu ya Yakeel Quiroz na Joseph Arboleda-Velasquez, wote wawili Wakolombia waliopita mikononi mwa Lopera. Ubongo wake ulikuwa umejaa amiloidi, nyingi kuliko kawaida, lakini tau ilikuwa kidogo. Walipochunguza jeni zake wakakuta ana nakala mbili za badiliko adimu katika jeni ya APOE, liitwalo Christchurch kwa jina la mji wa Nyuzilandi lilikogunduliwa. Habari yake ilichapishwa mwaka 2019. Alifariki mwaka uliofuata akiwa na miaka 77, na familia yake ikaridhia jina lake lijulikane na ubongo wake uchunguzwe.

Mwaka 2023 ikatangazwa habari ya mwanamume wa ukoo huo huo aliyebaki na akili timamu hadi miaka 67, naye akiwa na kinga tofauti, kwenye jeni ya rilini. Na mwaka 2024 walipata kwamba wanaukoo 27 wenye nakala moja tu ya Christchurch waliugua wakiwa na wastani wa miaka 52, wakati wenzao waliugua kwenye miaka 47. Miaka mitano. Kwa mzazi, hiyo ni mtoto kumaliza sekondari huku bado unajua jina lake. Leo watafiti wanajaribu kutengeneza dawa zitakazoiga alichozaliwa nacho Aliria. Lopera aliliona hilo likianza, kisha akafa miezi michache baadaye.

Kuna ninalolichukua kutoka kwake kulileta huku. Sehemu kubwa ya tunayoyajua kuhusu jeni za Alzheimer imetokana na watu wenye asili ya Ulaya. Pale Waafrika walipotazamwa, mambo yalibadilika. Watafiti wa Ibadan, Nigeria, na Indianapolis, Marekani, waliwalinganisha wazee Wayoruba na Wamarekani weusi, wakachapisha mwaka 2001 kwamba Wayoruba walikuwa wakiugua kwa kiwango cha chini zaidi. Na aina ya APOE inayohofiwa sana Ulaya haikuonekana kuwa na uzito ule ule kwa Wayoruba. Inawezekana kuna akina Aliria kwetu pia, wameketi uani wakichambua mboga, wala hakuna aliyewauliza.

Badala ya kuwauliza, mara nyingine tunawaua. Kilifi na sehemu nyingine za Pwani wazee wamekuwa wakikatwa kwa mapanga kwa tuhuma za uchawi, mara nyingi nyuma yake kukiwa na tamaa ya shamba. Mzee akipotea usiku, akakutwa uani kwa watu akiwa hajui alivyofika, nani atasema ni maradhi? Antioquia nao walikuwa na laana yao. Ilianza kulegea siku mtu alipopanda mlima akauliza habari za baba, za babu, za ndugu.

Rejista za ubatizo za karne ya 18 hatuna. Tuna wazee wanaoweza kutaja mababu saba bila kusita, na wanaobakia na elimu hiyo wanapungua. Mimi nimenunua daftari. Upande mmoja naandika jina, upande mwingine naandika alianza kusahau akiwa na umri gani, au kama alikufa akiwa anajua kila mtu. Mama ananisaidia upande wake, na kwa sasa tuko kwa dada zake nyanya, ambao walikuwa watano.